Sentensi Isiyo na Mwenyewe

Brampton, Ontario
Kanada
Jumatatu, 17 Machi 2025

Dada yangu mpendwa Dorotea,

Shikamoo Dada. Najua utashangaa kuletewa shikamoo ya wino na mtu ambaye siku zote hukutumia vikatuni vya mikono kwenye simu. Goti lako linaendeleaje? Na shemeji, amekubali kuacha chumvi au bado anaificha kabatini ukitoka? Wajukuu nawabusu wote, hasa yule mdogo aliyenifokea kwenye video siku ya Krismasi kwamba sura yangu imeganda.

Sisi huku tunamshukuru Mungu. Mama Wema hajambo, kazi zake za hospitali zinamchosha lakini halalamiki. Wema anamaliza sekondari mwaka huu, na kila nikimsemesha Kiswahili ananijibu Kiingereza, ila akitaka kitu ghafla Kiswahili chake kinakuwa fasaha kuliko changu. Baridi imeanza kulegea, ingawa theluji chafu bado imerundikana kando ya barabara.

Mimi ndiye si mzima sana. Sina homa, naenda kazini, nakula. Lakini moyo unanienda mbio bila sababu, na mikono inatoa jasho nikishika usukani. Juma lililopita nilikupigia mara tatu nikakata kabla hujapokea. Ukaniuliza kulikoni, nikajibu nilibonyeza kwa bahati mbaya. Haikuwa bahati mbaya, Dada. Nilikuwa na la kukuambia, nikisikia simu inaita kwako naikata.

Sijui kama habari za Baba zimekufikia. Katekista alinipigia wiki mbili zilizopita. Alisema Mzee hainuki tena bila kushikwa, chakula ni uji vijiko viwili, na macho yamekwisha kabisa. Akasema pia, kwa kuzungukazunguka sana, kwamba Baba amewaita ndugu akawapangia maziko yake: nani ashike msalaba, nani agawe chakula, na kwamba wewe usiingie kwenye kibanja, shamba letu la nyumbani, hata siku hiyo. Baba mdogo akaapa mbele yake kuwa atalisimamia. Tangu nisikie hayo sijatulia.

Nikuambie kwanza mambo ya huku, maana ndiyo yaliyonifikisha hapa. Unajua naendesha gari la kuwachukua wazee kwenda kliniki na kwenye kituo chao cha mchana kule Don Mills. Nina abiria wawili wanaonipa raha na karaha kwa kiasi kilekile. Wa kwanza ni Bi Zebunissa, Mwismailia mwenye miaka themanini na minne, aliyefundisha shule ya msingi pale Bukoba mjini kabla familia yao haijahamia huku. Anakaa kiti cha mbele kama mkaguzi wa elimu. Nikisema “nyumba yake imeharibika” haoni kosa, lakini nikisema “gari yangu” ananirekebisha mpaka taa inakuwa ya kijani na watu wa nyuma wanatupigia honi. Wa pili ni Bi Tomoe, mjane wa Kijapani mwenye nyonga mbovu. Yeye hukaa nyuma, kimya. Siku ya kwanza nilipomsalimu kwa Kijapani nilichokisoma kule Japani nilikosomea uhandisi wa maji, alidondosha fimbo yake.

Huyu Bi Tomoe ni mpwa wa mwandishi mmoja wa riwaya, Isurugi Heisaku. Ndiye aliyenipa kitabu cha mjomba wake nikisome wakati nawasubiri wazee kliniki. Nikakisoma mara tatu. Ndipo nikaanza kukitafsiri kwa Kiswahili, kwenye madaftari, ndani ya gari, na Bi Zebunissa akawa mhariri wangu bila kuombwa. Imechukua miaka mitatu. Mchapishaji mmoja wa Dar es Salaam yuko tayari kukitoa, alichobakiza ni karatasi ya ruhusa kutoka kwa mrithi. Mrithi ni Bi Tomoe, kwa sababu Isurugi hakuacha mtoto.

Ni lazima nikueleze maisha ya mtu huyu, uvumilie kidogo. Alizaliwa mwaka 1928 kwenye mji wa pwani ya magharibi ya Japani, kunakoanguka theluji ya kufunika milango. Baba yake alikuwa mchuuzi wa dawa. Alibeba sanduku mgongoni, akaziachia kaya dawa za tumbo na za homa, kisha akarudi mwaka unaofuata kuona zipi zimetumika. Mtu wa kazi hiyo huongea na kila mtu. Vita vilipokuwa vimepamba moto, akawaambia wanawe wawili mezani kwamba nchi yao itashindwa. Heisaku alikuwa na miaka kumi na mitano, dada yake Fumi kumi na mitatu. Siku chache baadaye barua ilifika polisi. Mchuuzi akakamatwa, akafia korokoroni kabla ya kiangazi.

Mwaka 1959 Isurugi akaandika yote hayo katika riwaya iitwayo Sanduku la Mchuuzi. Kitabu kikampa tuzo na jina, kikaingia mashuleni. Ndani yake kuna ukurasa mmoja ambao Wajapani wamegombania mpaka leo. Sentensi moja inasema kwamba dada alikuwa dirishani anatazama theluji. Inayofuata inasema: aliandika barua, akaikunja, akakimbia nayo hadi kituo cha polisi. Nani aliandika? Kijapani hakilazimiki kusema. Kitenzi kinasimama peke yake bila mtu. Lakini msomaji ametoka kumwona dada dirishani, kwa hiyo anamwona dada akikimbia. Aliyetafsiri kwa Kiingereza alilazimika kuchagua, akachagua mwanamke. Wema alisoma hiyo ya Kiingereza shuleni, akaniambia kwenye meza ya chakula kwamba yule dada ni nyoka.

Fumi wa kweli alikuwa hai wakati huo, Dada. Alikuwa na duka la vitambaa kwenye mji uleule. Wateja wakapungua, kisha wakaisha. Watu wasiomjua wakamwandikia matusi, na mchumba wa binti yake wa kwanza akazuiwa na wazazi. Isurugi hakuwahi kumtaja popote kwa ubaya, wala kwa wema. Akiulizwa na waandishi wa habari ni nani aliyeandika barua, alijibu kwamba kila kitu kimo kitabuni. Alifariki mwaka 2006 akiwa mtu mkubwa. Miaka ya karibuni wasomi wamepekua daftari zake za ujana na wengi sasa wanaamini aliyekimbia na barua ni yeye mwenyewe. Hapo ndipo moto ulipowaka. Wengine wanataka jina lake lifutwe kwenye maktaba ya mji wao. Wengine wanasema hapana, kitabu chenyewe ndiyo toba yake, alijishtaki kwa ujasiri katika sentensi ile na ni wasomaji waliokuwa vipofu.

Mimi, nikuambie ukweli, nilikuwa upande wa hao wa toba. Niliitetea sentensi ile kama vile ni shamba langu. Na nilipoifikia kwenye tafsiri nilifurahi mno, kwa sababu Kiswahili chetu hakina shida ya Kiingereza. “Aliandika” ni mwanamume, “aliandika” ni mwanamke. Nikajisifu kwa Bi Zebunissa kwamba sisi tutakuwa wa kwanza kuihifadhi siri ya Isurugi ilivyo. Akasoma, akavua miwani, akaniuliza huyo a- ni kaka au dada. Nikamwambia mwandishi hakusema. Akasema Kiswahili nacho hakisemi, sawa, lakini wewe Gelasius unajua, na aliyeandika alijua, sasa mnamficha nani?

Nilicheka siku hiyo. Ijumaa iliyopita sikucheka. Bi Tomoe alikuwa peke yake garini, tunatoka kliniki, na mimi nikaona ndiyo nafasi ya kumwomba saini yake. Nikamsomea ukurasa ule kwa Kiswahili ili asikie sauti yake, kisha nikamweleza kwa Kijapani, kwa majivuno yote, jinsi lugha yetu ilivyobarikiwa kutosema ni nani. Halafu akaniuliza huo uzuri unampendeza nani.

Akatoa mkobani postikadi ya zamani iliyofunikwa kwa nailoni. Alisema mama yake, yaani Fumi, hakuandika barua yoyote, maana siku ile alikuwa amelala kwa shangazi anaugua surua, haoni hata taa. Alimwandikia kaka yake mara moja tu katika maisha yake, kumwomba aongeze neno moja kwenye chapa itakayofuata. Moja tu: kaka. Jibu la Isurugi ndilo hiyo postikadi. Nilisimamisha gari pembeni nikaisoma. Ilikuwa na mstari mmoja: “Sentensi haina kosa lolote.” Akasema tangu hapo kila mwaka mpya mjomba wake alimtumia mama yake nakala ya chapa mpya, na kila mwaka mama yake alifungua ukurasa ule, akakuta vilevile, akaiweka juu ya nyingine. Alipofariki walikuta rundo linalofika kiunoni. Bi Tomoe akasema atatia saini siku nitakayoandika kaka.

Nilimshusha nyumbani kwake, nikamsahaulia kikapu chake ndani ya gari, nikapitiliza njia ya kutokea barabara kuu mara mbili, na nilipofika kumchukua Bi Zebunissa nilimpeleka kwenye mlango wa watu wengine kabisa. Aliniuliza kama nimeona jini. Nikamwambia ni uchovu.

Haikuwa uchovu, Dada. Ile postikadi ningeweza kuiandika mimi.

Sasa nafika pale ninapopakwepa tangu mstari wa kwanza. Tafadhali kaa chini, na kama kuna watoto karibu waambie watoke.

Unaikumbuka Jumanne ile ya mwaka 1997, Mama akiwa hospitali. Baba alikuwa Tabora kazini kwake reli. Wewe ulikuwa umeomba ruhusa kazini kwako Mwanza uje kumuuguza, na mimi nilikuwa nasubiri siku ya kuruka kwenda Japani, imebaki miezi mitatu. Asubuhi ulisema akiba ya damu haitoshi, ukatoka kwa miguu kwenda chuo cha ualimu kutafuta wa kujitolea. Ulirudi mchana na wanachuo wanne. Walikaa kwenye benchi la nje wameshakunja mikono ya mashati. Nikakuambia daktari ameahirisha upasuaji kwa sababu Mama amedhoofu mno. Ukawaomba radhi wale vijana, ukawasindikiza hadi getini, ukarudi ukiwa umevimba macho. Alhamisi Mama akafariki.

Daktari hakuahirisha. Alikuja na fomu saa tatu, wewe ukiwa njiani. Alinieleza kwamba Mama anaweza kufia mezani, lakini asipopasuliwa hana siku tatu. Alitaka sahihi ya mtu wa familia. Nikaishika kalamu, nikaliona jina langu chini ya karatasi ile na Mama amekufa juu yake, nikaona na Baba akiisoma. Nikaogopa. Nikasema tumsubiri Baba. Daktari akaniuliza mara ya pili, akaniuliza tena kama hakuna ndugu mwingine mkubwa karibu. Nikasema hakuna. Wewe ulikuwa mwendo wa nusu saa kutoka pale, Dada, muuguzi mwenye akili timamu, ungeisaini ile fomu kabla hajamaliza kuongea. Nikasema hakuna.

Hilo ni la kwanza. La pili ndilo lililokula maisha yako.

Baada ya maziko Baba alirudi Tabora. Huko nyuma hospitali wakamwambia mtu, na mtu akamwambia yeye, kwamba fomu ililetwa na haikusainiwa. Akaniandikia nimweleze yote yaliyotokea. Nilijibu kwa kurasa mbili. Sehemu ile naikumbuka neno kwa neno, kwa sababu niliiandika na kuichana mara nyingi kabla haijanyooka. Niliandika hivi: “Jumanne daktari alileta fomu ya upasuaji. Dada Dorotea ndiye aliyekuwa akimuuguza Mama usiku na mchana. Mwanao aliogopa, hakusaini.” Na mwisho kabisa, kama tulivyofundishwa shule kumalizia barua ya mzazi, nikaweka: “Ni mimi mwanao, Gelasius.”

Umeona nilichofanya. Mwanao ni mimi. Kila barua niliyowahi kumwandikia Baba nimejiita mwanao. Hakuna neno la uongo pale, na hivyo ndivyo nilivyomwambia padre nilipokwenda kuungama kabla ya safari, kwamba sikusema uongo. Lakini nilikuweka wewe kwenye sentensi ya mbele nikijua Baba atasoma nini. Nilijua, Dada. Sitaki unitafutie udhuru wa ujana, nakujua ulivyo na huruma.

Alipokuja likizo unakumbuka mwenyewe. Alikuita ukumbini, hakukuuliza wala hakukueleza. Alisema tu kwamba unajua ulichofanya. Wewe ukapiga magoti, ukasema ndiyo Baba najua, naomba unisamehe. Mimi nilikuwa mlangoni nimeshika sinia la ndizi. Nilijua yeye anasema fomu. Nilijua wewe unadhani anasema kule kuondoka kwako kando ya kitanda cha Mama kwenda kutafuta damu, maana ulikuwa ukijilaumu hivyo tangu matanga. Mlikuwa mnaongea mambo mawili na katikati yenu mtu mmoja tu ndiye aliyeyajua yote mawili. Nikaweka sinia mezani. Nikawaambia chakula tayari. Jioni ile akakufukuza kwenye kibanja, na ndani ya mwezi mimi nikapanda ndege na baraka zake zote.

Miaka ishirini na minane. Siku ya maziko ya bibi ulisimama barabarani na mwavuli, baba mdogo amekuzuia, na kaburi la Mama liko hatua hamsini kutoka hapo. Nilitumiwa picha. Nikakupigia kukupa pole, ukaniambia mimi tu ndiye ndugu ninayekuelewa. Sijui nilitoa wapi uso wa kukujibu.

Jana, Jumapili, nilimpigia katekista saa mbili asubuhi ya huku, kule saa tisa mchana, nikijua baada ya misa nyumba inakuwa imejaa. Nikamwomba aweke simu kwenye sauti kubwa, karibu na sikio la Baba, na asimtoe mtu yeyote. Mama Wema ndiye aliyenishikia simu. Nikasema: “Baba, mimi Gelasius niliogopa. Mimi nilikataa kusaini. Dorotea hakuwepo, alikwenda kumtafutia Mama damu, na hakuambiwa kama kuna fomu mpaka leo.” Nikarudia kwa Kihaya, asije mtu akasema hakusikia vizuri.

Kisha Baba akauliza, kwa sauti ambayo sikuitambua, kwa nini basi wewe Dada ulimjibu siku ile kwamba unajua. Nikamweleza ulidhani anasema nini. Akaanza kulia, Dada. Sijawahi kumsikia. Nilimsikia baba mdogo akimwambia jikaze, na Baba akimwambia aondoke mbele yake.

Alipotulia alisema mawili tu. La kwanza, nikuambie mimi mwenyewe, asikutangulie mtu, na nikuambie uje upesi maana anakungoja na hana nguvu za kungoja sana. La pili, mimi nisije. Si sasa, wala siku ya kumzika. Aliuliza kama nimesikia. Nikasema nimesikia, Baba. Wala usinitetee kwake ukifika, nakuomba sana hilo. Umepigania watu wengi katika familia hii.

Leo asubuhi nimemwambia Bi Tomoe kwamba nitaandika kaka. Bi Zebunissa hakubali. Anasema kama ni kaka niseme mwishoni mwa kitabu, kwa jina langu, nisitie neno kwenye kinywa cha mtu aliyekufa. Wamebishana mbele na nyuma ya gari, mmoja kwa Kiswahili na mwingine kwa Kijapani, na mimi nikiwatafsiria. Sijui nani yuko sahihi. Kitabu kinaweza kungoja.

Kurasa hizi nazipiga picha nikutumie kwenye simu sasa hivi, karatasi zenyewe zitafuata kwa posta. Basi la asubuhi la Mwanza hadi Bukoba bado lipo, niliuliza. Katekista atakungoja kituoni.

Nisalimie shemeji, nisalimie watoto na wajukuu, na majirani wanaonikumbuka. Kwa Mama usinisalimie. Ukifika kaburini pale, mpe salamu zako kwanza, zote, za miaka yote hiyo.

Ni mimi niliyeogopa,
mdogo wako,
Gelasius